Shajara ya mbina: kurekodi ngoma za Usukuma ili zifundishwe tena

Jumatatu, Mwanza mjini

Msimu wa mbina, kama Wasukuma wanavyoziita ngoma zao, unafunguka mavuno yakishaingia ghalani. Juni masika yamekatika, njia za vijijini zimekauka, vijana wana nafasi na vikundi vinaanza kuitana uwanjani. Anayetaka kurekodi ngoma za Usukuma na apange safari yake kati ya Juni na Agosti. Nje ya hapo atapata kikundi kilichokusanywa kwa ajili yake tu, nacho kitacheza kwa dakika kumi ngoma ambayo kwa kawaida inachukua alasiri nzima.

Kabla ya kufungasha chochote, timu inapaswa kukubaliana jambo moja: picha hizi ni kwa ajili ya nani? Video ya kupendeza na video ya kufundishia ni kazi mbili tofauti. Ya kupendeza hukatwa kila baada ya sekunde tatu, huenda usoni, ikaruka kwenye ngoma, ikapanda angani. Mtu akiitazama mara mia bado hajui mguu gani unaanza. Ya kufundishia inamlenga mjukuu ambaye hajawahi kuiona ngoma hiyo na hana wa kumuuliza. Aitazame, aisikilize, kisha asimame aicheze. Kila uamuzi wa safari hii, kuanzia lenzi hadi karatasi za ridhaa, unatoka hapo.

Makaratasi yanachukua muda mrefu kuliko vifaa. Kibali cha kupiga picha za filamu hutolewa na Bodi ya Filamu Tanzania. Afisa utamaduni wa halmashauri anapaswa kujua, na serikali ya kijiji vilevile. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazilinda pia sanaa za jadi, kwa hiyo ngoma si mali ya anayeshika kamera. Fomu ya ridhaa iandikwe kwa Kiswahili chepesi, isomwe kwa sauti kwa Kisukuma mbele ya kikundi kizima, na usomaji wenyewe urekodiwe. Itenganishe matumizi: kufundishia, kuhifadhi, kurusha hewani, kuuza. Kikundi kinaweza kukubali mawili ya mwanzo na kukataa mawili ya mwisho, na ni haki yao. Fomu yenye kisanduku kimoja cha "nakubali" huzaa ugomvi mwaka wa pili, wimbo unaposikika kwenye tangazo.

Vifaa vya safari: kamera tatu zinazoweza kurekodi fremu 50, yaani picha 50, kwa sekunde, stendi mbili imara za miguu mitatu, kinasa sauti cha chaneli nne au zaidi, maiki mbili za kifuani, maiki mbili za stendi zenye manyoya ya kuzuia upepo, vichujio vya kupunguza mwanga, betri nne kwa kila kamera, diski mbili za terabaiti 4 kila moja, na laptopu. Hesabu ya nafasi ifanywe mapema. Kamera inayoandika megabiti 100 kwa sekunde inakula gigabaiti 45 kwa saa. Kamera tatu kwa saa nne ni gigabaiti 540 kwa siku, na kwa kuwa kila faili lazima liwe na nakala mbili kabla kadi haijafutwa, siku moja inameza zaidi ya terabaiti 1. Diski ikipokea megabaiti 100 kwa sekunde, nakala moja ya mzigo huo inachukua saa moja na nusu. Mahali ambapo umeme unakatika jioni, saa moja na nusu si jambo dogo.

Jumanne, Bujora

Bujora iko Kisesa, kilomita zisizozidi ishirini kutoka katikati ya jiji kwa barabara ya Musoma. Padri David Clement, Mkanada wa shirika la White Fathers, ndiye aliyeanzisha hapa makumbusho ya Wasukuma, na hapa ndipo kila mwaka Juni hufanyika Bulabo, tamasha linaloanza kwa maandamano ya Ekaristi na kuendelea kwa mashindano ya ngoma.

Kuanzia safari makumbusho kuna faida ya kazi. Ngoma za kale ziko hapa, na banda la vyama vya ngoma linamwonyesha mgeni kitu asichoweza kukikwepa baadaye: mbina ina pande mbili. Wagika na Wagalu ni vyama viwili vinavyoshindana tangu katikati ya karne ya 19. Kwa simulizi za wazee, Ngika aliasisi cha kwanza na Gumha cha pili, wote wakiwa mafundi wa ngoma na wa dawa za kuvuta watu, zinazoitwa samva. Kikundi chochote utakachokutana nacho kijijini, swali la kwanza la kuandika kwenye daftari ni hili: ni wa upande gani? Bila jibu hilo, nusu ya mashairi haieleweki, kwa sababu nyimbo nyingi zinamrushia mpinzani maneno.

Samva ina masharti yake. Kuna matayarisho ambayo kiongozi hataki yaonekane, na kamera izimwe kweli, kifuniko cha lenzi kiwekwe, watu waone. Kuelekeza kamera chini huku taa nyekundu inawaka ni kuvunja ahadi. Katika orodha ya mafaili paandikwe tu: "Matayarisho hayakurekodiwa kwa ombi la kikundi." Mtafiti wa miaka hamsini ijayo atajua kwamba kilikuwepo kitu, na kwamba kimebaki mikononi mwa wenyewe.

Mchana ulitumika kuchagua mahali pa kusimamisha kamera. Mwanza iko takriban nyuzi 2.5 kusini mwa Ikweta, na mwezi Juni jua linapita upande wa kaskazini, urefu wa nyuzi 64 hivi katikati ya mchana. Kamera kuu basi isimame kaskazini mwa uwanja ikitazama kusini: jua litakuwa nyuma yake au ubavuni siku nzima, halitaingia kwenye lenzi. Anayekuja kurekodi Desemba ageuze, asimame kusini. Jambo jingine ni saa. Mwanza iko magharibi mwa mstari unaoweka majira yanayotumika nchini, kwa hiyo jua linachomoza karibu saa 12:50 asubuhi, linakuwa juu kabisa saa 6:50 mchana, na linatua saa 12:50 jioni. Mwanga mzuri wa asubuhi ni kati ya saa 2 na saa 4. Wa jioni ni kuanzia saa 10, lakini jioni huja na upepo wa ziwani.

Jumatano, kijijini wilayani Magu: bugobogobo

Bugobogobo ni ngoma ya jembe. Ilizaliwa kwenye kilimo cha pamoja, watu wakilima kwa mstari huku ngoma ikishika mwendo, na hadi leo majembe yanarushwa, yanazungushwa na kudakwa kwa mpigo mmoja. Ndiyo ngoma ya Kisukuma inayopigwa picha zaidi, na pengine ndiyo inayopigwa vibaya zaidi.

Kamera ya kwanza haisogei. Huo ndio uti wa mgongo wa kazi. Inasimama juu ya meza au nyuma ya gari dogo la mizigo, urefu wa mita 2.5 hadi 3 kutoka ardhini, ili mistari ya nyuma isifichwe na ya mbele. Fremu yake inaonyesha uwanja wote: ardhi mbele ya wachezaji, miguu yote, na juu ya vichwa nafasi tupu isiyopungua kimo cha mchezaji, maana jembe linakwenda huko. Wapiga picha wengi hubana fremu ili sura zionekane, jembe linatoka juu linarudi, na sekunde ileile ya ufundi mkubwa haipo. Kamera hii inawashwa kabla wachezaji hawajaingia na kuzimwa wakishatoka. Kuingia uwanjani ni sehemu ya ngoma.

Kamera ya pili inafuata kiongozi na wapiga ngoma kwa ukubwa wa kuanzia magotini. Ya tatu, chini, usawa wa goti, inatazama miguu na mikono tu. Picha zake hazina uzuri wowote zikitazamwa peke yake, na ndizo mwanafunzi atakazozirudia mara nyingi kuliko zote.

Fremu 50 kwa sekunde, si 25. Jembe linalozunguka na njuga inayopigwa chini ni mwendo wa haraka mno, na kwa fremu 25 mkono unakuwa ukungu. Shata, yaani muda wa kila fremu kupokea mwanga, iwe 1/100 ya sekunde kwa kamera mbili za mwanzo, 1/200 kwa ile ya miguu, ili video ikichezwa nusu mwendo kila hatua isomeke. Ngoma ikichezwa usiku chini ya taa za umeme, shata ibaki 1/100 au 1/50: umeme wetu ni wa hezi 50, taa nyingi zinapepesa mara 100 kwa sekunde, na shata isiyolingana nazo inaleta michirizi inayopanda na kushuka kwenye picha. Hakuna programu inayoiondoa vizuri.

Jua kali, ISO 100 (usikivu mdogo wa kamera kwa mwanga), shata 1/100, linataka tundu dogo la lenzi, f/16. Tusifike huko. Kwenye f/16 kila chembe ya vumbi iliyotua juu ya kihisi cha kamera inaonekana kama doa jeusi, na uwanja wa mbina unatifuka. Weka kichujio cha stopu 2, kinachopitisha robo tu ya mwanga, ubaki f/8. Lenzi isibadilishwe uwanjani hata mara moja, ibadilishwe ndani ya gari madirisha yakiwa yamefungwa. Kuna anayeshauri kumwagia uwanja maji kutuliza vumbi. Muulizeni kwanza ningi, yaani kiongozi wa nyimbo na ngoma. Ardhi yenye unyevu inazima mlio wa kishindo na inateleza, wachezaji wanafupisha hatua, na kinachorekodiwa kinakuwa ngoma nyingine. Kwenye udongo wa kichanga, luseni, vumbi linatua upesi. Kwenye mbuga nyeusi iliyopasuka kwa kiangazi, shida si vumbi bali nyufa, na hapo ni bora kuhama uwanja.

Mwanga uwekwe kwa mkono. Kamera ikiachiwa ijipimie yenyewe, mchanga mweupe na mashati meupe yanaidanganya, inapunguza mwanga, na nyuso za watu weusi zinabaki vivuli visivyo na macho. Mwombe mchezaji mmoja asimame katikati ya uwanja, pima usoni mwake, funga hapo. Shati likiwa jeupe tupu pichani si neno. Uso hauna mbadala. Fokasi nayo ifungwe kwenye kamera kuu, kwa sababu ile ya kujiendesha hukimbilia vumbi.

Sauti ndiyo inayoharibika mara nyingi kuliko picha. Ngoma kubwa ikipigwa mita moja kutoka kwenye maiki inazidi desibeli 100, na kinasa kilichoachwa kijirekebishe chenyewe kitafanya hivi: pigo likija kinashusha kila kitu, pigo likipita kinapandisha, na sauti ya mwimbaji inapanda na kushuka kwa mapigo ambayo hakuyaimba. Zima marekebisho hayo. Rekodi WAV, faili la sauti isiyobanwa, kilohezi 48, biti 24, na weka kiwango ili pigo kubwa kabisa liishie desibeli 12 chini ya kilele. Biti 24 zina nafasi ya kutosha ya kuongeza sauti ndogo baadaye, lakini sauti iliyopasuka haishoneki. Wapige kwa nguvu yao yote wakati wa kupima. Wapiga ngoma wakiombwa "pigeni kidogo tusikie" hupiga kidogo kweli, kisha watu wakijaa wanaongeza maradufu.

Maiki ya kifuani anavaa ningi, kwenye chaneli yake peke yake, maana maneno yake yanamezwa na ngoma. Ifungwe kwa plasta ndani ya vazi, chini kidogo ya koo, na waya uwe na kitanzi kilicholegea, kwa kuwa jasho na shanga vinaikwaruza. Maiki mbili za stendi zisimame kila upande wa kamera kuu, manyoya yamevaliwa tangu asubuhi hata kama majani hayatikisiki.

Kuoanisha vifaa: mtu apige makofi mara moja katikati ya uwanja, aonekane na kamera zote, mwanzoni na tena mwishoni. Makofi ya mwisho ndiyo yanayosahaulika, na ndiyo yanayoonyesha saa za vifaa zimeachana kiasi gani katika mchezo wa saa nzima. Wala makofi hayo yasilinganishwe kwa sauti ya maiki ya kamera. Sauti inasafiri mita 340 kwa sekunde hivi. Kamera iliyo mita 34 kutoka kwenye ngoma inasikia pigo baada ya sehemu ya kumi ya sekunde, yaani fremu tano zimeshapita. Mchezaji ataonekana anakanyaga kabla ya ngoma, na mjukuu atajifunza kukosea. Oanisha kwa jicho: fremu ambayo viganja vinagusana.

Alhamisi, kijiji kilekile

Jana ilirekodiwa ngoma nzima. Leo ni siku ya kuifungua, na timu nyingi huiruka kwa sababu haina shamrashamra.

Kwanza ngoma moja moja. Kila mpigaji anakaa na ngoma yake, anapiga sehemu yake peke yake kwa dakika mbili, kamera juu ya mabega yake ikitazama viganja au fimbo. Kisha wa pili anaingia juu ya wa kwanza, wa tatu juu ya wa pili. Kuna mpigaji asiyeweza kupiga peke yake, mkono unapotea mwenzake akinyamaza. Hilo ni la kweli wala si udhaifu, sehemu yake imejengwa ndani ya ya mwenzake. Arekodiwe na mwenzake, maiki ikiwa kwake. Baada ya mapigo, vipimo: kipenyo cha uso wa ngoma kwa sentimita, kimo, mti, ngozi ya mnyama gani, imevutwa kwa vigingi au kamba, inaanikwa juani au karibu na moto muda gani kabla ya kupigwa. Ngozi inalegea asubuhi yenye umande na mlio unashuka, hivyo paandikwe pia saa ya kurekodi.

Pili, hatua. Wachezaji wawili, mmoja kijana na mmoja wa umri mkubwa, wanacheza kila mtindo polepole, kwanza wakiitazama kamera, kisha wakiipa mgongo. Mgongo ni muhimu kuliko mbele: anayejifunza hufuata mtu aliye mbele yake, akimwona kutoka uso kwa uso anageuza kulia kuwa kushoto. Kila mtindo utajwe jina na mchezaji mwenyewe, kabla hajaanza, kwa sauti. Tahadhari moja: ngoma ikipunguzwa mwendo, uzito wa mwili unahama. Kinachochezwa polepole ni maelezo, na faili lipewe jina linalosema hivyo, lisije likachukuliwa kuwa ndiyo ngoma yenyewe.

Tatu, maneno. Ningi anakaa chini ya mti, bila ngoma, anayasema mashairi kama mtu anayezungumza, ubeti kwa ubeti, na mzee mwingine anamuuliza. Kisukuma kina toni, maana inaweza kutegemea kupanda na kushuka kwa sauti, kwa hiyo yarekodiwe yakisemwa na yakiimbwa pia. Tafsiri ya Kiswahili ije baadaye. Mwandishi asimkatize ningi kila mstari akitaka tafsiri.

Jioni kikundi kilikaa wigashe, nyimbo za kuimba watu wameketi. Hapa kila kitu ni tofauti na jana: miguu imetulia, kazi yote iko kwenye mabega, shingo na mikono. Kamera ishuke hadi usawa wa macho ya walioketi, sentimita 80 kutoka ardhini. Ikibaki juu kama jana, inarekodi vichwa.

Ijumaa, njiani: bayeye

Bayeye ni chama cha wataalamu wa nyoka, wanaocheza na chatu na wanaojua dawa za kuumwa. Rekodi fupifupi zinatosha. Nyoka hana joto lake mwenyewe, jua la saa sita linamchemsha, hivyo michezo iwe ya dakika chache mapema asubuhi na kivuli kiwe karibu. Lenzi ndefu, mita tano au zaidi, na anayeshika nyoka ndiye anayetoa amri za kusimama. Majina ya mimea ya dawa hayaulizwi mbele ya kamera.

Jumamosi, Bujora: siku ya mashindano

Mashindano ya mbina hayaamuliwi na majaji walioketi mezani. Vikundi viwili vinacheza kwa wakati mmoja, kila kimoja na uwanja wake, na watazamaji wanakwenda kunakonoga. Aliyevuta watu wengi ndiye mshindi. Kwa hiyo umati ni sehemu ya ngoma, na anayerekodi wachezaji tu amerekodi nusu.

Kamera kuu ilipandishwa mahali pa juu, nyuma ya umati, lenzi pana ya milimita 24, viwanja vyote viwili ndani ya fremu moja. Haikugeuzwa wala kuvutwa karibu. Kwenye picha hiyo wachezaji ni wadogo, lakini inaonekana dhahiri watu wanavyotiririka kutoka upande mmoja kwenda wa pili, na ukioanisha na kamera za karibu unajua ni kitendo gani kilichowavuta: kinyago kilichotokea ghafla, mchezaji aliyepanda juu ya mabega, ubeti uliomchoma mpinzani. Ujuzi huo wa kuvuta watu ndio kiini cha mashindano, na bila picha ya juu haubaki.

Sauti za vikundi viwili zinaingiliana, na haiwezekani kuzitenganisha kabisa. Maiki za stendi zinawekwa karibu zaidi, mita mbili kutoka kwa waimbaji, migongo yake ikielekea kikundi cha pili. Maiki inayosikia mbele tu inapunguza yaliyo nyuma, lakini ngoma nzito zinapita popote. Anayetaka sauti safi ameshaipata Jumatano. Leo rekodi mchanganyiko kama ulivyo, ndiyo hali halisi ya uwanja. Msaidizi mmoja asimame kwenye kila stendi. Umati ukisogea, stendi huanguka, na watoto wakijaa mbele ya lenzi ya miguu hawafukuzwi kwa ukali, kamba ya mkonge ifungwe mapema kwa makubaliano na wasimamizi.

Jumapili, Nansio

Kutoka Mwanza hadi Nansio, kisiwani Ukerewe, kwa meli ni takriban saa tatu. Betri na kadi zibebwe mkononi, si kwenye mizigo ya sitaha. Ukerewe kulikuwa na enanga, nyuzi zilizopitishwa huku na huku juu ya ubao uliochongwa kama sinia refu, ikisindikiza masimulizi. Sauti yake ni ndogo sana. Maiki iwe sentimita 30 hadi 40, ndani ya nyumba ya udongo, si chini ya bati, na kabla ya upepo wa mchana. Jokofu la jirani lizimwe kwa ruhusa.

Jumanne, Mwanza: kanda za zamani

Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi 1994. Mwaka 1950 Hugh Tracey, mtafiti wa muziki wa Afrika, alipita Tanganyika akinasa muziki, lakini aliacha sauti, miguu hakuiacha. Picha zinazotembea za mbina kabla ya miaka ya tisini ni chache, na zilizofuata nyingi ziko kwenye VHS za harusi, misa na sherehe za shule, ndani ya makabati. Hizo ndizo zinazokufa sasa.

Kanda isitiwe kwenye mashine kabla ya kukaguliwa. Vumbi jeupe kwenye ukingo wa utepe ni ukungu, na kanda hiyo ikizungushwa itachafua mashine na kanda zote zitakazofuata. Itengwe kwenye mfuko wake, isafishwe na fundi. Kanda nzima izungushwe mbele hadi mwisho na kurudishwa mara moja, kisha ichezwe kupitia waya wa S-Video, unaopitisha mwanga na rangi kila kimoja peke yake, kama mashine ina tundu lake. Vichwa vya mashine visafishwe kwa spiriti safi ya isopropili, si ya dukani yenye rangi. Kila kanda inachukua muda wake kamili, ya dakika 180 ni saa tatu, hakuna mkato.

Kosa kubwa linafanyika kwenye kompyuta. VHS yetu ina fremu 25, lakini kila fremu imesukwa kwa nusu mbili zilizopigwa kwa nyakati tofauti, yaani mwendo umenaswa mara 50 kwa sekunde. Programu nyingi huzichanganya na kutoa fremu 25, na nusu ya mwendo inatupwa. Kwa hotuba haidhuru. Kwa ngoma ni hasara ya nusu ya hatua. Hifadhi faili kuu kama lilivyotoka, pikseli 720 kwa 576, bila kuchanganya nusu hizo, kwa FFV1, mfumo unaobana video bila kupoteza kitu, ndani ya faili la Matroska, gigabaiti 30 hivi kwa saa. Nakala ya kutazama itengenezwe kando kwa fremu 50. Kanda yenyewe isitupwe.

Mafaili ya safari nayo yalipangwa leo. Jina la faili lina tarehe, kijiji, kikundi, ngoma, kamera: mfano wa mtindo ni 20XX-06-00_kijiji_kikundi_bugobogobo_A. Kila faili lina namba ya uhakiki ya SHA-256 iliyoandikwa kwenye orodha. Namba ikikokotolewa tena mwakani na kutoka tofauti, faili limeharibika, na linarudishwa kutoka nakala ya pili. Nakala ni tatu: diski mbili zisizokaa nyumba moja, na ya tatu nje ya mkoa.

Ijumaa, Magu tena

Nakala ya kikundi isiwe diski ya terabaiti 4 ambayo hakuna kompyuta ya kuifungua. Iwe memori kadi zenye MP4 za upana wa pikseli 1280, zinazocheza kwenye simu nyingi, moja kwa ningi, moja kwa katibu wa kikundi, moja kwa shule ya msingi. Video ya ngoma nzima iwe ya kwanza, kisha za hatua kwa majina ya mitindo, kisha maneno.

Kuitazama pamoja ni kazi, kinasa kikiwa kimewashwa. Wachezaji wanasahihisha: jina la mtindo lililoandikwa kwa matamshi ya mjini, ubeti uliosikika vibaya kwa sababu njuga ziliupita, aliyetajwa kuwa mpigaji wa ngoma ndogo kumbe siku ile alishika kubwa. Pia wanasema kisichokuwepo. Hapa walisema mtindo wa kufungia, unaochezwa shamba likiisha, haukuchezwa Jumatano kwa kuwa hakukuwa na shamba. Ukaandikwa kwenye orodha na nafasi yake ikaachwa wazi, pamoja na mwezi ambao kikundi kinatarajia kulima tena kwa pamoja, ili kamera ije siku hiyo, shambani, kabla ya saa 4 asubuhi.